Kuiba na Kuiga: Mashauri ya Hataza Katika Tamthiliya za Skrini na Mtazamaji wa Nyanda za Juu za Kigoma

Utangulizi

Msafiri atokaye Kasulu kwenda Kibondo katika majira ya mvua hukutana na mvua za namna mbili. Ipo mvua kubwa, ambayo waipa za basi huifuta bila kupumzika. Na yapo manyunyu, ambayo huitaka waipa ipige mara moja, itulie, kisha ipige tena. Waipa isiyojua kutulia hukikwaruza kioo kilichokwisha kukauka na kumchosha dereva. Kituo hicho kifupi baina ya pigo na pigo, ambacho abiria hawakitazami mara mbili, kilizua shauri lililochukua miaka 12 katika mahakama za Marekani, na baadaye kikazaa filamu.

Makala haya yanachunguza jinsi filamu na tamthiliya za televisheni zinavyobadili kweli za mashauri ya namna hiyo, yaani mashauri ya hataza. Hataza ni hati ambayo dola humpa mvumbuzi ili, kwa muda maalumu, awe na uwezo wa kuwazuia wengine kukitengeneza au kukiuza kitu alichokivumbua; naye kwa upande wake hana budi kueleza hadharani jinsi kitu hicho kinavyofanya kazi. Ni kawaida kwa wahakiki kuhesabu tarehe zilizosogezwa na watu waliobuniwa. Hesabu hiyo ina faida yake, lakini haigusi kiini. Linaloshikiliwa hapa ni kwamba skrini hulibadili swali lenyewe ambalo mahakama iliulizwa. Mahakama huuliza: je, kifaa hiki kimo ndani ya mipaka iliyoandikwa katika hataza, na je, mipaka hiyo ilichorwa kihalali? Skrini huuliza: nani mwizi? Na pale tamthiliya inaposimuliwa kwa Kiswahili, badiliko hilo hukamilishwa na msamiati wenyewe.

Shauri la waipa

Filamu iitwayo Flash of Genius ilitoka mwaka 2008 ikiongozwa na Marc Abraham, na ilitokana na makala ndefu ya John Seabrook iliyochapishwa mwaka 1993 katika jarida la The New Yorker. Inamhusu Robert Kearns, mhandisi na mwalimu wa chuo kikuu mjini Detroit, ambaye katika miaka ya 1960 alibuni mtambo wa umeme wa kuifanya waipa ipige kwa vituo. Aliomba hataza mwishoni mwa 1964, akaipata 1967. Kampuni ya Ford ilikuwa imeonyeshwa kazi yake. Mwaka 1969 ikaanza kuuza magari yenye waipa za aina hiyo bila ya yeye kuwamo. Kearns aliishitaki Ford mwaka 1978, na shauri likaamuliwa 1990.

Hadi hapo filamu na kumbukumbu zinakwenda pamoja. Zinaanza kuachana mlangoni mwa mahakama. Katika filamu, Kearns anasimama peke yake mbele ya juri na kujitetea bila wakili. Juri hiyo hiyo inatamka kwamba Ford imeikiuka hataza, na papo hapo inamtunukia dola milioni 10.1. Kilichotokea hakikuwa na umbo zuri kama hilo. Juri ya kwanza iliona kuwa hataza imekiukwa lakini ikashindwa kukubaliana juu ya fidia. Juri nyingine ikapendekeza dola milioni 5.2, hatimaye Ford ikakubali kulipa dola milioni 10.2 ili shauri lisiendelee. Picha ya Kearns aliyekuwa wakili wake mwenyewe inatoka zaidi katika shauri lake lililofuata, dhidi ya Chrysler, kuliko katika lile la Ford. Filamu imeyachukua mashauri mawili, majuri kadhaa na mapatano ya nje, ikavifinyanga vyote kuwa siku moja ya hukumu.

Kwa ufupisho huo msanii hana wa kumlaumu. Hakuna mtazamaji, wa Detroit au wa Kasulu, atakayevumilia miaka 12 ya nyaraka. Lipo hata hivyo jambo jingine ambalo halielezeki kwa haja ya kufupisha. Juri ya 1990 iliamua kwamba Ford haikuikiuka hataza kwa makusudi. Jambo hili si dogo: sheria ya Marekani humruhusu jaji kuongeza fidia hadi mara tatu endapo makusudi yamethibitika, na Kearns alikuwa amedai mamia ya mamilioni. Kwa lugha ya mtaani, raia walioketi kusikiliza shauri walikataa kumwita Ford mwizi. Walisema tu kwamba imeingia katika shamba la mtu. Filamu, kwa haki yake, inalitaja uamuzi huo. Lakini inautaja kwa sentensi moja, baada ya karibu saa mbili za matukio yaliyopangwa kumthibitishia mtazamaji kwamba wizi umefanyika: kikao cha siri, mwaliko uliofutwa ghafla, hafla ya kuzindua gari jipya huku mvumbuzi akitazama akiwa amelowa. Sentensi moja haiwezi kuibomoa nyumba iliyojengwa kwa picha.

Ziko pia kweli ambazo filamu haikuzipa nafasi, nazo ndizo zenye faida kubwa zaidi kwa mtu anayetaka kuelewa hataza ni nini. Hataza ya 1967, kwa kipimo cha miaka 17 kilichotumika Marekani wakati ule, ilikoma mwaka 1984, yaani miaka sita kabla ya juri kuketi. Kearns alitaka kuwa mwenye kiwanda. Kufikia siku ya hukumu, haki ya kuwazuia wengine ilikwisha kufa, ikabaki fedha peke yake. Aidha, alizishitaki kampuni nyingine nyingi za magari, na sehemu kubwa ya mashauri hayo ilitupwa kwa kuwa nyaraka hazikuwasilishwa katika muda uliowekwa. Aliyeshindwa hapo hakushindwa na uongo wa tajiri. Alishindwa na kalenda. Lakini nani atatengeneza filamu kuhusu kalenda?

Terravision mbili

Mfano wa pili ni wa karibuni zaidi na unafunza kwa njia tofauti. Mwaka 2021 Netflix ilionyesha tamthiliya ya Kijerumani yenye sehemu nne, The Billion Dollar Code, iliyoongozwa na Robert Thalheim. Inahusu vijana wa Berlin waliotengeneza, katika miaka ya mwanzo ya 1990, programu ya kumwezesha mtu kuitazama dunia nzima kutoka juu na kushuka hadi kwenye paa la nyumba. Na inahusu shauri lao dhidi ya Google, wakidai kwamba Google Earth imeikiuka hataza yao. Mashujaa wake wawili, Carsten Schlüter na Juri Müller, hawakupata kuwapo: wamefinyangwa kutokana na kundi la watu wa ART+COM, kampuni halisi iliyotengeneza programu ya Terravision na kufungua shauri katika jimbo la Delaware mwaka 2014.

Tofauti na filamu ya Kearns, tamthiliya hii haikubadili matokeo. Wajerumani walishindwa mahakamani mwaka 2016, na wanashindwa kwenye skrini. Lakini sababu ya kushindwa si ile ile. Katika tamthiliya uzito wote umewekwa juu ya urafiki uliosalitiwa: kijana wa Berlin anamfumbulia Mmarekani siri za kazi yake, na Mmarekani huyo baadaye anaonekana upande wa pili. Mtazamaji anainuka kitini akiamini kwamba haki ilishindwa kwa sababu adui alikuwa na fedha na mawakili. Juri ya Delaware ilikuwa na hoja nyingine mbele yake. Taasisi ya utafiti ya SRI, huko California, ilikuwa na programu yake ya kuonyesha sura ya nchi kutoka juu, iliyotengenezwa kwa fedha za serikali ya Marekani na kujulikana kabla Wajerumani hawajaomba hataza mwaka 1995. Jina lake, kana kwamba historia inafanya mzaha, lilikuwa pia TerraVision. Juri iliamua mambo mawili: kwamba Google haikuyakiuka madai ya hataza, na kwamba madai yenyewe hayakuwa halali kwa kuwa kilichodaiwa hakikuwa kipya. Mahakama ya rufani iliuthibitisha uamuzi mwaka 2017.

Tuseme hata kama usaliti wote unaoonyeshwa ulitokea jinsi ulivyoonyeshwa, hukumu isingebadilika. Kitu kisicho kipya hakiwi kipya kwa sababu mwenye kukitengeneza alisalitiwa. Hapa ndipo tamthiliya na mahakama zinapoachana kabisa: ya kwanza hupima mioyo ya watu, ya pili hupima tarehe na maneno.

Mpaka wa shamba

Mkazi wa Kasulu au Kibondo hahitaji kwenda Delaware ili aielewe tofauti hii, maana anayo katika migogoro ya mashamba. Watu wawili wanapogombea mpaka, wazee wanaoitwa kupatanisha hawaanzi kwa kuuliza nani ana roho nzuri. Huuliza mti wa mpaka ulipandwa wapi, na nani alikuwapo. Mtu anaweza kulima ndani ya shamba la jirani kwa kutojua. Hajawa mwizi, lakini jembe lake limevuka mpaka na hana budi kurudi. Kadhalika, mtu hawezi kuingiza ndani ya ua wake njia ambayo kijiji kizima kilikuwa kikiipita kabla yeye hajapimiwa.

Hataza ina tabia hizo zote mbili. Maneno yaliyoandikwa mwishoni mwa hati, yanayoitwa madai, ndiyo miti ya mpaka. Anayeivuka mipaka hiyo ameikiuka hataza hata kama hakupata kuisikia. Na ujuzi uliokwisha kujulikana na watu kabla ya ombi ni ile njia ya kijiji: haumilikishwi. Kuiba, kinyume chake, hakukamiliki bila nia. Kwa hiyo neno hilo, ambalo ndilo nguzo ya tamthiliya zote mbili, si neno la shauri la hataza hata kidogo.

Afrika Mashariki nayo haikukosa tamthiliya ya aina hii, ingawa haikuhitaji kamera. Kwa miaka mingi pameenea masimulizi kwamba M-Pesa ilibuniwa na mwanafunzi wa chuo kikuu nchini Kenya, akanyang'anywa na kampuni kubwa. Kumbukumbu zinaonyesha mambo yasiyo na mvuto kama huo: mradi ulioanzishwa ndani ya Vodafone, ukasaidiwa na fedha za idara ya maendeleo ya serikali ya Uingereza, ukajaribiwa Kenya mwaka 2005 pamoja na taasisi ya mikopo midogo ya Faulu, na huduma ikazinduliwa na Safaricom Machi 2007. Mwaka uliofuata ilifika Tanzania kwa njia ya Vodacom. Masimulizi ya mwanafunzi hayakupata nguvu kutokana na ushahidi. Yalipata nguvu kwa sababu yana umbo ambalo masikio yalikwisha kulizoea, la kijana mwerevu, tajiri mlafi, na siri iliyotoka.

Wakati huo huo, shauri halisi la hataza lililofika mbali katika eneo hili halina msimulizi. Ni lile la Sanitam Services dhidi ya Rentokil, lililohusu pipa la taka za maliwatoni linalofunguliwa kwa kukanyaga kwa mguu. Hataza yake ilitolewa mwaka 1999 na ARIPO, shirika la kikanda la mali za ubunifu lenye makao yake Harare, ambalo Tanzania nayo ni mwanachama wake. Wenye hataza walishindwa Mahakama Kuu mjini Nairobi, wakafanikiwa katika Mahakama ya Rufani mwaka 2006. Pipa halipendezi kwenye skrini. Lakini kati ya mifano yote iliyotajwa, hilo ndilo lililo karibu zaidi na karakana ya fundi wa Kasulu.

Msamiati na mtazamaji

Filamu za kigeni haziwafikii watazamaji wengi wa Tanzania kwa lugha zilizotungwa. Tangu enzi za mikanda ya video, wasimulizi kama Derek Mukandala, aliyejulikana zaidi kwa jina la Lufufu, walizifasiri kwa sauti zao juu ya picha, na mabanda ya video ya miji midogo yakazoea sauti hizo. Sanaa hii inastahili heshima kuliko inavyopewa na wanataaluma. Msimulizi hafasiri neno kwa neno. Anaeleza, anatania, anatoa mifano ya nyumbani. Lakini anafanya kazi kwa kasi ya picha, na kasi humlazimisha achukue neno lililo karibu na mkono.

Neno lililo karibu ni kuiba. Mzizi wake ni wa Kibantu cha kale, nao unaonekana katika Kirundi kama kwiba. Kiha, lugha mama ya wengi wa Kasulu na Kibondo, ni ndugu wa karibu wa Kirundi. Guthrie aliziweka katika kundi moja, Kirundi namba D62 na Kiha namba D66. Basi anaposikia kwamba Ford "wameiba", msikilizaji wa Buha hapokei neno la kigeni. Anapokea neno lenye mizizi katika utoto wake. Hataza, kwa upande wake, ni neno lisilojieleza. Halifanani na neno lolote analolijua, na halina kitenzi kinachoweza kuibeba sentensi ya msimulizi.

Lipo jambo la kuvutia zaidi. Kando ya kwiba, Kirundi kina kwiga, maana yake kujifunza, kusoma. Ni mzizi ule ule wa kuiga ya Kiswahili, ambayo maana yake ni kufuatisha afanyavyo mwingine. Kwa masikio ya nyanda hizi, basi, kuiga na kujifunza vinakaa nyumba moja, na kinachovitenga na wizi ni konsonanti moja tu. Sheria ya hataza imesimama hapo hapo penye konsonanti hiyo. Inaruhusu kuiga kwingi: kuiga kilichokwisha muda, kilichokuwa kikijulikana zamani, na kisichosajiliwa katika nchi husika, maana hataza ya Marekani haimfungi fundi wa Tanzania. Inakataza kuiga kuchache, ndani ya mipaka iliyoandikwa. Tamthiliya inayofundisha kwamba kila aliyeiga ameiba inaufuta mstari huo wote.

Matatizo mengine mawili ya msamiati yanahitaji kutajwa. La kwanza ni neno madai. Katika Kiswahili cha mahakama, kesi isiyo ya jinai huitwa kesi ya madai, na anayeifungua ni mdai. Na vifungu vya mipaka ya hataza navyo huitwa madai. Sentensi "mahakama iliyakataa madai ya mdai" yaweza kumaanisha kwamba mtu ameshindwa shauri lakini hataza yake ingali hai, au kwamba hataza yenyewe imebatilishwa. Wajerumani wa Terravision walipatwa na yote mawili, na Kiswahili kinayasema yote mawili kwa maneno yale yale. Pengine ingefaa vifungu hivyo viitwe mipaka ya hataza, ili dai libaki kuwa dai la mtu mahakamani. Tangu mwaka 2021, Kiswahili kilipofanywa kwa sheria kuwa lugha ya sheria na ya mahakama nchini Tanzania, hili limeacha kuwa suala la wanaleksikografia peke yao.

La pili ni juri. Msimulizi akisema "wazee wa baraza", mtazamaji huwaona wale wazee wanaoketi pamoja na hakimu wa Mahakama ya Mwanzo, watu wenye kuzijua mila na kuwajua wahusika. Juri ya Marekani ni kinyume chake: raia wanaochaguliwa kwa sababu hawajui lolote la shauri hilo. Mtazamaji aliyepewa picha ya wazee atashangaa kwa nini hawakuziona tabia za wadaawa.

Fundi na tarehe yake

Haya yote yangekuwa mazungumzo ya maktabani kama yasingemgusa mtu. Achukuliwe fundi wa kuchomelea vyuma mjini Kibondo, nchi ya mihogo, aliyeibadili mashine ya kuparaza mihogo kwa namna ambayo hakuna aliyewahi kuifanya. Kutokana na skrini amejifunza mambo matatu: kwamba hatari yake ni tajiri mwenye hila, kwamba kinga yake ni kuwa na mashahidi wengi wa uaminifu wake, na kwamba siku ya mwisho ukweli utasimama. Kwa kufuata mafunzo hayo, anaipeleka mashine kwenye maonyesho ya Nanenane, anaieleza mbele ya umati, anapigwa picha nayo. Amejipatia mashahidi mia.

Kwa jicho la sheria, huenda siku hiyo ameuua upya wa kitu chake kwa mkono wake mwenyewe. Sheria ya Usajili wa Hataza ya mwaka 1987, Sura ya 217, inataka kitu kiwe kipya, na kilichofunuliwa hadharani kabla ya ombi huhesabiwa kuwa kimejulikana, isipokuwa katika nafuu finyu ambazo sheria yenyewe inaziweka. Mashahidi wake mia ni mashahidi dhidi yake. Ilimpasa kwanza afike BRELA, au atume ombi, akiwa na maelezo na michoro. Na kama badiliko lake ni dogo mno kwa hataza, sheria hiyo ina hati nyingine, ya manufaa, yenye masharti mepesi zaidi kuhusu kiwango cha uvumbuzi. Hakuna tamthiliya iliyomwonyesha mtu akijaza fomu.

Fundi wa pili, wa Kasulu, anadhurika kwa njia ya kinyume. Ameona kikamulio cha mawese kilichotengenezwa nje, cha muundo wa miongo mingi iliyopita. Anaweza kukitengeneza, na hakuna hataza hai inayomzuia. Lakini mteja aliyetazama filamu ile ile anamwambia kwamba hiyo ni kazi ya kuiba, naye, kwa kuwa ni mtu mwaminifu, anakiweka chuma chini.